Sahani ya Kwenda Majoreni

Mimi nina mdomo, wala sikatai. Mume wangu Luqman husema maneno yangu yangekuwa samaki, Msambweni nzima ingekula ikashiba. Lakini kuna neno moja nililolimeza miaka mitatu, na sikulimeza kwa kupenda. Nililishwa kiapo na wifi yangu Mwanapili, dada mkubwa wa Luqman, ambaye nyumba yake na yangu zimetenganishwa na ua wa makuti tu. Habari hizi ni zake. Mimi nimo kwa sababu ndimi niliyekuwa nikibeba sahani.

Mwanapili ana miaka hamsini na sita. Alifua mashuka katika hoteli moja ya Diani kwa miaka kumi na tisa, mpaka kucha zake zikapauka. Mumewe alifariki mapema, na watoto Mungu hakumjaalia. Mama yao, mavyaa wangu, alipoanza kusahau sufuria motoni, Mwanapili aliacha kazi akarudi nyumbani kumtazama. Watu walimwona mjinga. Yeye alisema mashuka ya hoteli hayaishi, na mama yuko mmoja.

Ndivyo alivyo. Umwambie neno baya, atakusikiliza mpaka mwisho, kisha atakuuliza kama umekula. Mimi na yeye hutaniana, maana mawifi wasipotaniana kuna jambo. Mimi humwambia kaka yake nilimpata kwa hasara, naye hunijibu kwamba kwao walinipokea kwa kunionea huruma tu.

Alichorithi kwa mama yake ni biskuti za samli. Unga wa ngano, sukari iliyosagwa, iliki, na samli ya kutosha kuushika unga bila tone la maji. Unafinyanga viduara, kila kimoja unakibonyeza katikati kwa kidole gumba, unavipanga kwenye sinia, na sinia unaliingiza katika sufuria pana iliyotandikwa mchanga. Moto unauweka chini, na juu ya kifuniko unapalia makaa. Harufu ikianza kutoka, hata mimi hunyamaza. Biskuti ile ukiiweka ulimini, meno huyahitaji.

Na samli ilitoka Majoreni. Hanifa, kitinda mimba wao, ameolewa huko na Amin, mtu wa ng'ombe. Kila mwezi Hanifa alikuwa akisuka maziwa kwa mikono yake, akiichemsha siagi pamoja na iliki mbili, akijaza kopo na kumpelekea mama. Mavyaa alikuwa akilipokea kopo lile analifungua kwanza, ananusa, anafumba macho, kisha anasema, "Huyu ni Hanifa." Kila mwezi maneno yale yale.

Halafu daktari akasema presha ya mama imepanda na mafuta yamejaa kwenye damu. Samli ikakatazwa. Mabinti wote wawili walielezwa, Mwanapili akiwa pale pale kliniki, Hanifa kwa simu. Mama akakubali mbele ya daktari kwa adabu zote, na tulipofika nyumbani akampigia Hanifa kwa siri. Mwisho wa mwezi kopo likaja kama kawaida. Akamwita Mwanapili kando ya kitanda, akamshika mkono.

"Mwanangu, miaka themanini nimekula samli," alisema. "Unataka nife nikiwa na hamu?"

Wewe ungefanya nini? Mwanapili alimpikia. Biskuti mbili kila baada ya alasiri, na chai isiyo na sukari ili kujidanganya. Miezi saba ilikwenda hivyo. Kisha asubuhi moja ya Ijumaa mavyaa alitaka kuinuka, upande mmoja wa mwili ukakataa. Jumamosi tulimzika.

Siku ya tatu ya matanga, wanawake tumejaa ukumbini, Hanifa alisimama. Macho yalikuwa mekundu na ushungi umemdondoka mabegani. Hakumwita dada. "Wewe ndiye uliyemuua mama, Mwanapili," alisema. "Kwa mkono wako, biskuti baada ya biskuti."

 Nilishainuka nusu, swali limejaa kinywani: na hiyo samli ilitoka kwa nani? Mwanapili alinibana goti nikaketi. Hakumjibu mdogo wake neno hata moja. Hanifa alisimama pale akimtazama, kama mtu aliyebisha hodi na kungoja, kisha akachukua mkoba wake akaondoka kabla ya khitma.

Jioni ile nilimwendea Mwanapili nikafoka mpaka nikakauka koo. Nikamwambia yeye ni gogo, si mtu. Aliniacha nimalize, kisha akaniletea msahafu.

"Apa hutamwambia," alisema. "Hasira imemfumba macho. Akitambua ni samli yake, Zainabu, atalala vipi? Mimi nimeshazoea kukosa usingizi."

Nikaapa. Ningefanya nini?

Tangu siku hiyo Hanifa hakukanyaga Msambweni. Luqman nilipomsukuma awapatanishe alisema hayo ni ya wanawake, akajitia kutafuta viatu vyake. Mwanapili aliacha kupika biskuti. Wenye harusi walipokuja kumwomba, aliwaambia mchanga wake umeingia mchwa, uongo wa ajabu ambao hakuna aliyeuhoji. Lakini ana simu, na ndani ya simu kuna ujumbe wa sauti wa Hanifa wa zamani, wa nusu dakika. Hanifa anaeleza habari ya kopo, mbuzi anaingia jikoni kwake, anamfukuza, anacheka mpaka pumzi zinamwishia. Mwanapili alikuwa akiusikiliza akichambua mchele, akifagia, akikunja nguo. Mimi ua wa pili nimemjua yule mbuzi kama wangu. Nimewahi kumwambia aufute ujumbe ule apumzike. Alinikata jicho, na huyo si mtu wa kukata watu macho.

Mwaka huu, kabla ya Ramadhani, Amin alimpigia Luqman. Hanifa ameanguka harusini akiwa amebeba sinia la pilau. Amepimwa, presha iko juu, na mafuta yamejaa kwenye damu. Sawasawa na mama. Mwanapili alikuwa kwangu, ungo wa mchele mapajani. Alisikiliza yote, akaendelea kuchambua, na mchele ulipokwisha akaendelea kuchambua pumba. 

Asubuhi alikuwa mlangoni kwangu. Alisema anataka kumpikia Hanifa biskuti za mama, lakini ziwe za kuliwa na mtu mwenye presha. Sahani ya Idi huwa haikataliwi, alisema, na kwetu sahani hairudi tupu. Hanifa akila, atarudisha chochote, hata limau moja, na limau hilo litakuwa ndilo neno lake. "Nisimkose huyu naye amenikasirikia," alisema. "Mama nimemkosa. Huyu siwezi."

Basi tukaanza. Kliniki kuna binti wa lishe anaitwa Caroline, mtu wa bara, Kiswahili chake anakichanganya na kila kitu, lakini ana moyo. Alimwambia Mwanapili asitoe mafuta yote, atapata mawe. Apunguze samli hadi robo, na pengo alizibe kwa ndizi mbivu au mtindi. Ute wa yai atumie, kiini akiache. Tena biskuti yenye mafuta kidogo haitandai yenyewe motoni, sharti uibonyeze, na uitoe ingali laini kidogo, maana ikingoja inakauka. Mwanapili aliyaandika yote nyuma ya kadi ya kliniki.

Samli ya robo hiyo ilibidi inunuliwe dukani, Kona ya Musa. Katika maisha yake yote Mwanapili hajawahi kununua samli. Alifungua mkebe ule wa dukani, akanusa, akaufunga, akaenda kukaa nje kidogo. Nilimwona. Nilijitia hamnazo.

Za ndizi ziliumuka zikawa laini kama sifongo. Nilimwambia hii ni keki iliyokata tamaa. Za mtindi mtupu, bila samli kabisa, nilizitupia kuku wangu, wakazidonoa mara mbili wakaondoka zao. Mara ya tatu makaa ya juu yalizidi zikaungua. Alikuwa akifunga huku akipika, hawezi kuonja, mimi ndiye niliyeonja siku zangu za kutofunga, na nilivyo na mdomo sikumwonea huruma. Kila jioni katika Ramadhani ile harufu ya iliki ilivuka ua ikaja kwangu, na yule mbuzi wa kwenye simu akifukuzwa nyuma yake. Siku ya ishirini na sita akapata. Robo ya samli, mtindi vijiko vinne, ute wa yai, iliki kwa wingi, makaa ya juu machache. Ilivunjika vizuri. Haikuyeyuka kama ya mama, lakini ilikuwa na kitu cha mama ndani yake. Niliitafuna nikanyamaza, naye akaelewa.

Tatizo lilikuwa sura. Zilikuwa nyeupe, zimepauka kabisa. Na sisi watu wa pwani tunajuana: biskuti nyeupe siku ya Idi ni kusema mwenye nyumba amebania samli. Mwanapili akaziona akashika kiuno. Kupeleka kitu kama hicho kwa watu, tena kwa wakwe wa Hanifa? Akachukua manjano kidogo, ncha ya kijiko, akaikanda ndani ya unga. Zikatoka za dhahabu, zinang'aa, utadhani zimeoga samli. Tulizishangilia. Nasema tulizishangilia, maana nami nilikuwepo, mjinga mwenzake.

Akazipanga kwenye sahani ya mama yenye maua ya bluu, akafunika kwa kawa la ukindu, na siku ya pili ya Idi nikaenda nayo Majoreni. Mwenyewe hakuthubutu.

Hanifa alinipokea vizuri, siwezi kumsingizia. Alikuwa amekonda. Akauliza habari za watoto, akaniletea maji, akanivulia kawa lile macho yakiwa tayari yamelainika. Kisha akaziona.  Hakuzigusa, hakuzinusa. Alirudisha kawa polepole, kama anayefunika maiti.

"Mwambie, mama mmoja ametosha," alisema.

Akanisukumia sahani mikononi kama ilivyokuja. Sijawahi kuona jambo hilo tangu nizaliwe. Sahani kurudi tupu ni aibu. Sahani kurudi na vitu vyake, hilo halina hata jina. Nilikuwa na jibu, wallahi nilikuwa nalo, na mkono wangu nikauona juu ya msahafu. Niliondoka bila kuaga.

Mwanapili alikuwa akiningoja uani. Alipoipokea sahani uzito wake tu ulimwambia. Alivua kawa, akaona zote zimo, akaketi chini na nguo zake za sikukuu, akalia. Hakulia hivyo hata tulipomzika mama. Alilia kwa sauti, kama mtoto aliyepotezwa sokoni. Nilipofungua kinywa nilimtukana Hanifa. Akaniambia ninyamaze. Kisha akataka nimweleze kila kitu, Hanifa alisemaje, alifanya nini kwanza, alifanya nini halafu.

"Alizinusa?" aliniuliza.

Nikamwambia hakuzinusa, aliziona tu. Mwanapili akatazama ncha za vidole vyake. Manjano yalikuwa bado yameng'ang'ania pembeni ya kucha. Akavisugua kwa kanga, havikutoka.

"Rangi nilitia mwenyewe," alisema. "Nimeona haya ya watu, nimempelekea ndugu yangu sumu."

Nilimwambia basi tena, aache, tusijitie aibu mara mbili. Nikamwambia mengi zaidi ambayo leo siyarudii.  Miezi miwili na siku kadhaa ndizo zilizobaki hadi Idi kubwa, na nilimsikia kila Ijumaa akipalia makaa. Mbuzi pia nilimsikia. Wakati mwingine aliukatiza ujumbe pale pale Hanifa anapoanza kucheka, kama anayeweka akiba.

Idi kubwa ilipofika alinikabidhi sahani ile ile na kawa lile lile. Nilichungulia. Zilikuwa nyeupe. Hazikuwa na manjano wala urembo, zimepauka, zimekaa kinyonge, na katikati ya kila moja alama ya kidole gumba. Niliona haya kuzibeba, kweli. Njia nzima niliomba nisikutane na mtu wa kuniambia nifunue. Na nilishaamua moyoni: akizirudisha na hizi, nitasema. Kiapo nitakilipia kwa kufunga siku tatu, Mungu ni mwingi wa rehema, lakini nitasema.

Hanifa alikuwa ameketi barazani kwake. Alipoiona sahani aligeuza uso. Amin akamwambia kwa upole afunue, ni sikukuu, mgeni hafukuzwi. Akafunua. Alizitazama mpaka nikaanza kujieleza bila kuulizwa.

Nilimwambia yote ya jikoni. Ndizi, mtindi, kuku waliokimbia, makaa yaliyozidi, Caroline na kadi ya kliniki. Nikamwambia robo tu ya samli imo, tena ya dukani. Nikamwambia na habari ya manjano, kwamba zile za kwanza zilikuwa hizi hizi, dada yake aliona haya zionekane zimebaniwa. Hanifa alisikiliza kichwa kimeinama. Kisha akaweka kidole gumba chake katika alama ya biskuti moja. Kiliingia sawasawa. Wote watatu wamerithi vidole vya mama yao, vifupi na vipana, hata Luqman.

Akauma. Akatafuna, akatafuna. Amin akamletea maji. Nikaona machozi yanamshuka naye bado anatafuna, na mimi nisiyejua kungoja nikaona wakati ndio huu.

"Hanifa," nilisema, "ile samli ya mama..."

"Ilikuwa yangu," alinikata.



"Ilikuwa yangu, wifi. Nilijua siku ile ile, hata kabla sijafunga mdomo. Nilisimama pale ningoje aniambie. Angeniambia mbele ya watu wote, ningemwangukia miguuni tukalia pamoja. Hakuniambia kitu. Nikasema huyu hata kunilaumu hataki, basi ameshanifuta. Ningerudi vipi kwa mtu asiyenijibu?"

 Miaka mitatu mmoja ananyamaza ili mwenzake alale, na mwenzake halali kwa sababu ya ule unyamavu. Na neno lenyewe nilikuwa nalo mimi, nimelifungia kinywani kama mwizi.

Hanifa akajifuta uso, akaingia ndani. Nilisikia anasogeza vitu nyuma ya mlango. Akarudi na kopo, lile la mama, limefungwa kwa kitambaa na uzi. Alisema alilijaza Alhamisi, ili lije Msambweni Jumamosi, na Ijumaa akapigiwa simu kuhusu mama. Tangu siku hiyo hajasuka tena; ng'ombe wa Amin wanakamuliwa, maziwa yanauzwa mabichi. Samli imeshachacha, haifai kuliwa na mtu. Akazimimina biskuti kwenye sahani yake, asibakishe hata moja, akaifuta sahani ya mama kwa upindo wa kanga, na kopo akaliweka katikati. Akafunika kawa.

"Mwambie ni kavu," alisema. "Mwambie zimenikwama kooni zote."

Mwanapili alikuwa uani, pale pale. Nilimpa sahani akausikia uzito, akaanza kuketi chini, akidhani biskuti zimerudi tena. Ikabidi mimi ndiye nifunue. Alilitazama kopo. Nikamweleza, neno kwa neno, safari hii sikuongeza wala sikupunguza.

"Alijua?" aliniuliza.

"Alijua."

"Miaka yote mitatu?"

Nikamwitikia kwa kichwa. Alifungua uzi taratibu, akakunjua kitambaa, akainua kifuniko. Harufu ya samli iliyochacha ilinipiga mimi niliyesimama mbali. Yeye aliinamia kopo akavuta pumzi, akafumba macho, akatafuta chini ya ule uchachu mpaka akazipata zile iliki mbili.

"Huyu ni Hanifa," alisema.

Kisha akaniomba simu yake, iliyokuwa juu ya jiwe la kufulia. Nilidhani anataka yule mbuzi. Hakumtaka. Alipiga, na haikulia mara mbili ikapokelewa, na nikasikia Hanifa upande wa pili akisema dada, halafu basi.  Walikaa hivyo, kila mmoja akisikiliza mwenzake akivuta kamasi.

"Hanifa," alisema mwishoni, "nimeambiwa ni kavu."

Sikusikia jibu. Nilipita ua nikaenda kwangu nikafunga mlango, nikawaachia maneno yao.